Profesa Aliyekufa Akisoma

Jumamosi, saa kumi na mbili jioni, Mama Mdogo alisukuma mlango wa chumba cha vitabu kwa kiwiko, mkononi kashika kikombe cha chai, akamkuta dada yake amekaa kwenye kiti chake kikubwa. Mto wa mahameli kisogoni, miwani puani, taa ya mezani inawaka, kitabu kimefunguliwa mapajani. Ungemwona ungesema mwenyewe anasoma, usimsumbue. Lakini kikombe kilimtoka Mama Mdogo mkononi palepale mlangoni, akapiga ukelele ambao mshonaji wa nyumba ya pili aliusikia akaacha cherehani yake na nguo ya watu chini ya sindano.

Marehemu alikuwa Profesa, na pale chuoni ukisema Profesa bila kuongeza neno, kila mtu alijua unamsema nani. Alifundisha fasihi ya Kiingereza mpaka mvi zikamjaa, na sehemu aliyoing'ang'ania ni ile ya wanawake wa Kiingereza walioandika enzi za himaya: wake wa magavana, dada za wamisionari, mabinti waliofuata kaka zao makoloni na sanduku moja la nguo. Aliandika vitabu vitano. Cha kwanza, *Mke wa Gavana na Kalamu Yake*, kilieleza jinsi wanawake hao walivyonyang'anywa kazi zao. Kitabu kaandika mke, jina kapachikwa mume. Cha tatu, *Wasiotajwa Sebuleni*, kiliwageukia wanawake haohao kikawauliza: na yule yaya aliyewasimulia hadithi zote hizo, jina lake mmelitia wapi? Kitabu hicho kilizua zogo hata kwa watu wasiosoma vitabu.

Inspekta alifika na Koplo wake kabla giza halijaingia. Alikuwa mwanamke mnene, goti moja bovu, mwepesi wa hasira na mzito wa kukata shauri, na watu wengi walikosea kwa kudhani mambo hayo mawili hayakai kwa mtu mmoja. Alizunguka kile chumba polepole. Rafu zilijaa mpaka juu, na kila kitabu kilizungushiwa uzi mnene wa kufumia, wenye vifundo. Dirisha lilikuwa wazi. Mlango wa nje ulikuwa na kitasa cha kujifunga chenyewe, wala hapakuwa na dalili ya kuvunjwa.

Koplo alisema kwa heshima kwamba hiki ndicho kifo cha kisomi, na yeye angependa kifo kama hicho siku yake ikifika. Inspekta aliinama kwenye kiti. Alikichukua kile kitabu cha mapajani kwa kitambaa, akaona kati ya kurasa umelazwa uzi mwekundu kama alamisho. Alitaka kusoma jina la kitabu, akapapasa mfukoni, akakumbuka kwamba miwani yake kaiacha ofisini. Akaivaa ya marehemu. Maandishi yakabaki ukungu uleule. Basi macho yangu yamekwisha kabisa, alijiambia, akaudhika na uzee, akaivua.

Jumapili asubuhi daktari wa polisi alimpigia simu, na sauti yake haikuwa ya kawaida.

"Huyu mama hakufa, afande. Kauawa. Midomo imechubuka kwa ndani, na puani kuna nyuzi za mahameli. Kazibwa pumzi kwa mto."

Inspekta aliukumbuka ule mto wa mahameli, ulivyokuwa umewekwa vizuri nyuma ya kichwa cha marehemu. Mtu kamwua mwanamke mzee, kisha kampangia mto, kamvalisha miwani, kamwashia taa. Miaka yote ya kazi alikuwa ameona watu waliouawa kwa mapanga, lakini hili la kumtengeneza marehemu kama picha ya ukutani hakuwahi kuliona.

Daktari aliongeza mambo mawili. Kifo kilitokea mchana, kati ya saa nane na saa kumi. Na kwenye kidole gumba cha kulia cha marehemu palikaukia gundi nyeupe kidogo. Koplo akasema watu wa vitabu hawaishi kubandika vitabu vyao. Inspekta akaiandika hata hivyo.

Mshonaji hakuhitaji kubembelezwa. Alisema Jumamosi asubuhi wale ndugu wawili waligombana mpaka yeye aliona haya kusikiliza, ingawa alisikiliza mpaka mwisho. Mama Mdogo ndiye aliyekuwa akifoka: utaendelea kuwadanganya watu mpaka lini, mimi nimechoka, ama useme wewe ama niseme mimi. Mchana cherehani ilikuwa inanguruma, hakusikia kitu. Akaapa kwa maiti ya mama yake kwamba hana neno baya na Mama Mdogo.

Wakamhoji Mama Mdogo kituoni. Alikuwa mwembamba, kanga ya begani kaikunja vizuri, macho makavu. Watoto wa chuo walimwita Profesa Mama, na yeye, kwa kuwa mdogo wa Mama, wakamwita Mama Mdogo. Jina likamganda hata sokoni. Hakuwahi kuolewa. Miaka yote aliishi na dada yake.

Aliulizwa mchana ule alikuwa wapi. Akasema baada ya ugomvi hasira zilimtoa nyumbani, akatembea tu, akakaa kwenye benchi la bustani ya hospitali mpaka zilipopoa. Hakuna aliyemwona. Aliulizwa dada yake alikuwa anawadanganya watu nini. Akaanza kuikunja kanga upya.

"Mama Mdogo," alisema Inspekta, "chai ilimwagika mlangoni. Hukuwa hata umemgusa. Ulijuaje kwamba amekufa, na mtu kakaa anasoma?"

Mama Mdogo alitazama meza.

"Nilijua tu."

"Hilo si jibu. Hilo ni kamba unayojifunga shingoni mwenyewe."

"Basi niachie nijifunge. Mtafuteni aliyemwua dada yangu. Mambo yetu ya ndani niachieni."

Mkuu wa kituo alisikia habari hizo akafurahi, maana ugomvi upo, ufunguo upo, shahidi wa alikokuwa hayupo. Akaagiza mwanamke awekwe ndani na Jumatatu mchana apelekwe mahakamani kwa mauaji. Inspekta aliomba muda. Akapewa mpaka saa sita ya hiyo Jumatatu, tena kwa kuhesabiwa kama hisani.

Koplo alikuwa na mtu wake. Palikuwa na mwanafunzi mmoja chuoni, aitwaye Mbishi hata na walimu, aliyewahi kusimama lango la maktaba na bango kubwa akitaka vitabu vya Kiingereza vitolewe vyote, vya waume na vya wake zao. Alimwita Profesa kasuku wa wakoloni, mbele ya watu. Walimkuta kituo cha mafuta, anakoosha magari kujilipia ada. Alipoambiwa Profesa kauawa, kitambaa kilimdondoka, akakaa chini kwenye maji ya sabuni kama mtu aliyekatwa miguu.

Jumamosi yote aliosha magari. Wenzake watano walithibitisha kabla hawajaulizwa. Lakini alisema jambo moja. Baada ya lile bango, Profesa alimwita nyumbani, na tangu hapo alikuwa akienda kila Alhamisi.

"Kufanya nini?"

"Kumsomea. Ananichagulia riwaya ya mwanamke fulani wa Kiingereza, namsomea kwa sauti, nikifika mahali pananiudhi nafoka, yeye anacheka. Anasema huko ndiko kusoma."

"Kwani yeye hakuweza kusoma?"

Mbishi alimtazama, akafumba mdomo, akaokota kitambaa chake.

"Alipenda kusikiliza," alisema. Na hapo hata angepigwa makofi asingeongeza neno, Inspekta aliliona hilo.

Alasiri walikwenda chuoni kwa Mkuu wa Idara ya Fasihi. Huyu alikuwa mwanafunzi wa kwanza kabisa wa Profesa, mtu wa miaka hamsini, mpole, viatu vinang'aa, na alikuwa amelia mpaka kope zimevimba. Aliwakaribisha vizuri. Alisema Profesa ndiye aliyemtoa ujingani, alikula nyumbani kwake miaka nenda rudi, na kwamba mara ya mwisho kumtia machoni ni wiki mbili nyuma; Ijumaa walisalimiana kwa simu tu. Jumamosi alishinda nyumbani kwake akiandika hotuba, peke yake, mkewe kasafiri.

"Hotuba ya nini?" Inspekta aliuliza.

Ya kitabu chake kipya, alieleza. Kilikuwa kizinduliwe kesho, Jumatatu saa tano, ukumbi mkubwa, wakubwa wote wa chuo wakiwepo, na Profesa ndiye aliyepangwa kukisemea. Sasa angefungua kwa kumkumbuka. Akafungua boksi kubwa kando ya meza, akamtolea Inspekta nakala. Ilihusu barua na riwaya za wanawake wa Kiingereza makoloni, kazi ileile ya Profesa. Inspekta, ambaye safari hii alikuwa na miwani yake, aliifungua. Baada ya ukurasa wa jina aliona kipande chembamba cha karatasi kimesimama kwenye mshono, kama ukurasa uliokatwa kwa wembe.

"Kasoro za kiwandani," alisema Mkuu wa Idara. "Hawa wachapaji wetu unawajua."

Inspekta alisema anawajua, akashukuru, akakitia kitabu kwapani.

Hakwenda nyumbani. Alirudi kwenye kile chumba cha vitabu, jua likiwa bado dirishani, akamwacha Koplo mlangoni. Kuna kitu kilikuwa kinamkereketa tangu kituo cha mafuta. Aliitoa miwani ya marehemu kwenye mfuko wa ushahidi, akaiweka mbele ya ukurasa, akaisogeza, akaiondoa. Herufi hazikukua, hazikupungua. Akaijaribu mbele ya dirisha. Ilikuwa kioo kitupu, kama cha kabati.

Akaenda kwenye rafu. Vitabu vya zamani vilijaa penseli ya Profesa pembeni, maswali, matusi madogo, alama za mshangao. Vile vipya, vya miaka sita hii, vilikuwa safi kabisa, hata nukta. Miaka sita. Ndiyo miaka tangu alipostaafu ghafla na watu wakashangaa. Inspekta akashika uzi wa kitabu kimoja, vifundo viwili. Cha jirani yake, vitatu. Akafumba macho, akapitisha vidole kwenye rafu nzima, na vidole vikamweleza alipo, mstari gani, kitabu cha ngapi.

Akakaa sakafuni. Mama wa watu alikuwa haoni. Mwanamke aliyetoa vitabu viwili katika miaka hiyo, aliyesimama majukwaani, aliyetia saini nakala za watu huku akiwatazama usoni, alikuwa kipofu, na mji mzima haukujua.

Basi kitabu cha mapajani nacho kikasema. Jalada lake lilikuwa na mkwaruzo palipokuwa na uzi, lakini uzi wenyewe, vifundo vyake vinne, ulitolewa ukalazwa kati ya kurasa. Aliyeutoa aliuona ni alamisho. Alimvalisha marehemu miwani ili asome, akamwashia taa ili aone. Mtu huyo alikuwa hajui. Inspekta akamwita Koplo, akamweleza yote pale chini alipokaa, na Koplo alivua kofia yake akabaki ameishika.

Usiku, kituoni, Mama Mdogo aliletwa kutoka mahabusu. Inspekta hakuzunguka.

"Dada yako alikuwa haoni. Ulipofungua mlango ukamkuta kavaa ile miwani ya kuwazuga wageni na kitabu mapajani, ulijua kuna mtu kamweka vile. Ndiyo maana ulipiga kelele kabla hujamgusa."

Yale macho makavu yalijaa, yakamwagika. Alilia muda mrefu bila kujifuta. Kisha akasema, kwa sauti ya chini, kwamba alilishwa kiapo. Dada yake alipoanza kupoteza macho alimshika mkono akamwambia hata nikifa wasijue. Vitabu viwili vya mwisho Profesa alivitunga kwa mdomo, neno kwa neno, nukta na mkato, na yeye Mama Mdogo akaviandika. Alimsomea, akamsahihisha, akamsomea tena.

"Ni vyake," alisema. "Mimi ni mkono tu. Lakini watu wakijua, watasema ni vyangu. Maisha yake yote aliandika habari za wanawake walionyang'anywa vitabu vyao, afande, halafu mimi ndiye nimnyang'anye akiwa kaburini? Nilimwambia Jumamosi aseme mwenyewe, angali hai, watu wamsikie kwa mdomo wake. Ndio ugomvi wetu. Akasema Jumatatu si siku yake, ni siku ya mtu mwingine, tusiiharibu."

"Nani alijua?"

"Mimi. Na yule kijana wa Alhamisi, aligundua siku ya pili tu, akala yamini mwenyewe bila kuombwa."

"Na Mkuu wa Idara?"

"Huyo? Huyo ndiye aliyekatazwa kabisa asijue. Dada alisema mtu yule aliyaamini macho ya mwalimu wake miaka yote, akijua yamekufa atavunjika moyo."

Inspekta alifunga daftari. Alimwomba radhi, akamwambia kwa usiku ule hana la kufanya, amri si yake, lakini avumilie. Mama Mdogo akajibu kwamba kulala chini si kitu, hofu yake ni kusikia kesho jina la dada yake linazagaa mahakamani.

Jumatatu, saa mbili asubuhi, Inspekta alikuwa kiwanda cha uchapaji, kati ya mashine na harufu ya wino. Mchapaji alikuwa mzee mchangamfu mwenye aproni, akakitazama kile kitabu akacheka kwa uchungu. Kasoro ya kiwandani? Nani kasema? Alisimulia kwamba Ijumaa Mkuu wa Idara alimletea ukurasa mmoja wa kuongezwa, kazi ya dharura, vitabu vikiwa vimeshajalidiwa. Ilibidi ubandikwe kwa mkono nakala baada ya nakala. Jumamosi saa saba alikuja kuchukua nakala ya kwanza.

"Nikamwambia usiifungue mpaka jioni, gundi bado mbichi. Akasema hawezi kungoja, kuna mtu lazima aione leo hii. Haya. Jioni ananipigia simu, anasema kata kurasa zote hizo, choma. Vijana wangu wakakesha na nyembe."

"Mlichoma zote?"

Mzee alikuna shingo. Mchapaji gani huchoma kazi yake yote? Alivuta mtoto wa meza akatoa karatasi moja. Inspekta aliisoma amesimama, akairudia, na mara ya pili alihitaji kuegemea mashine.

Saa tano kasoro robo walikuwa ofisini kwa Mkuu wa Idara. Alikuwa ameshavaa suti ya uzinduzi, hotuba mkononi. Inspekta alikuja na Koplo, na Mama Mdogo, ambaye alimtoa mahabusu kwa saini yake mwenyewe. Mkuu wa Idara alipomwona alimkimbilia kumpa pole, mikono yote miwili. "Mama Mdogo, wamekufanyia nini?" Mama Mdogo alimwachia mikono, maana alikuwa hajaambiwa kitu.

Inspekta aliilaza ile karatasi mezani.

"Tusomee."

Yule mtu aliitazama. Hakuigusa. Basi Inspekta akaisoma mwenyewe. Ilisema kwamba sura ya tatu, ya nne na ya tano za kitabu hiki hazikuwa za mwandishi. Zilitoka katika kadi za mihadhara ambazo Profesa hakuwahi kuzichapisha. Kwamba mwandishi aliwahi kuzitoa kama zake na kwa hizo akapandishwa cheo. Na kwamba anamwomba mwalimu wake msamaha mbele ya wasomaji wote.

"Gundi ya ukurasa huu ilikuwa bado mbichi Jumamosi mchana," Inspekta alisema, "na imekaukia kidole gumba cha marehemu. Hukuwa nyumbani unaandika hotuba. Ulikwenda kwake saa ngapi?"

Ukumbini, ng'ambo ya ua, watu walikuwa wanajaribu kipaza sauti. Mkuu wa Idara alikaa. Alipoanza kusema, alisema kama mtu anayetapika kitu kilichomkaa tumboni siku nyingi. Alikwenda saa nane. Mama alimfungulia, akafurahi, akamshika bega. Yeye hakuweza kulitamka lile jambo kwa mdomo. Tangu Ijumaa alijaribu mbele ya kioo akashindwa. Basi alikifungua kitabu kwenye ule ukurasa, akamwekea mkononi, akamwambia, Mama, soma hapo kwanza, kabla sijasema neno.

"Akasoma. Alikaa nao muda mrefu, akapitisha kidole kwenye mshono, akashuka na macho mpaka chini. Kisha akafunga kitabu, akacheka. Akacheka! Akasema nimeona, Jumatatu nitawaambia watu wewe ni mtu wa namna gani. Nikamwomba. Nikasema Mama, nakusihi, usiwaambie. Akasema nitawaambia, tena kwa kipaza sauti, umezidi kujificha. Nilipiga magoti, anacheka tu. Mimi nimejileta mwenyewe, nimejivua nguo mbele yake, na yeye anataka anitembeze uchi mbele ya chuo kizima. Nilitaka anyamaze. Mto ulikuwa hapo. Nilitaka tu asicheke."

Alifunika uso. Alisema kupitia vidole kwamba alimweka vizuri, hakutaka akutwe amelala ovyo, alitaka akutwe kama alivyompenda, anasoma. Kisha akaondoka na kitabu chake.

Mama Mdogo alikuwa ameshika ukingo wa meza. Sauti ilipotoka ilikuwa imenyooka.

"Alikuwa haoni," alisema.

Mkuu wa Idara aliinua uso.

"Nini?"

"Dada yangu. Kipofu. Mwaka wa sita huu. Hakusoma neno hata moja la karatasi yako. Alijua umemletea kitabu chako kipya, mtoto wake kaandika kitabu, akafurahi. Akakiangalia kama anavyoviangalia vyote, asikuvunje moyo."

Yule mtu alimtazama Inspekta, kisha Koplo, kana kwamba mmoja wao angemwambia si kweli. Koplo aliangalia pembeni. Inspekta aliitikia kwa kichwa.

"Na zile kadi," Mama Mdogo aliendelea, "ulidhani kakuazima? Alikupa siku macho yalipomwisha kabisa. Mimi ndiye niliyezifunga kwenye sanduku. Alisema mpe, hizi zinamtaka mtu anayeona. Alijua zimo kitabuni mwako, ndiyo zilizomfanya afurahi. Hotuba yake tumeikariri wiki mbili, mimi naijua yote. Alikuwa awaambie watu kwamba katika miaka yote ya kufundisha, hakupata mtu mwaminifu kuliko wewe, na kwamba unaona haya kusifiwa, lakini leo utasifiwa, utake usitake."

Kiti cha Mkuu wa Idara kilianza kugonga sakafu. Koplo alitoa pingu, akasita, akamtazama afande wake. Inspekta mwenyewe hakuweza kutoa amri; alihisi akifungua kinywa atalia mbele ya mshitakiwa, jambo ambalo halijapata kumtokea. Alifanya ishara kwa kidole tu.

Mlango uligongwa, mtu wa itifaki akachungulia akiwa na tabasamu, akasema ukumbi umejaa, wanamsubiri Mkuu. Akaziona pingu, akarudisha mlango polepole.

Mama Mdogo alizunguka meza. Inspekta alidhani anakwenda kumpiga, na hakuwa na nia ya kumzuia. Lakini yule mama alisimama mbele ya mtu aliyemlisha kwa mikono yake miaka ishirini, akamtazama kwa mshangao mtupu, hasira zenyewe hazijamfikia bado.

"Ungemsomea tu, mwanangu," alisema. "Mstari mmoja. Ungemsomea tu."